Swali la Mtu wa Usingizi

Mdogo wangu wa kiume aliletwa hospitali nyuma ya gari la mizigo, amelazwa juu ya magunia matupu, tumbo limemjaa kama ngoma. Alikuwa ametoka Saza, kwenye machimbo ya dhahabu, kwa bodaboda kwanza, katikati ya dereva na wifi yangu, yaani mke wake mwenyewe, mpaka lilipopatikana gari. Mama yetu walimpakia njiani, Mbangala. Mimi nilitoka Tunduma, nikamwachia jirani wa sokoni mchele wangu, nikatangulia kufika. Kwa hiyo niliwaona wakishuka. Mkewe alikuwa amemshika kichwa, mama amekaa upande wa miguu, na nadhani wale wawili hawakuwa wamesemeshana njia nzima. Sikuwepo, siwezi kuapa. Niliona tu kwamba mmoja alishukia kulia na mwingine kushoto, na kila mmoja alinisalimia kana kwamba mwenzake hayupo.

Daktari wa upasuaji alimbonyeza tumbo, akaagiza picha, kisha akatuambia utumbo umejisokota.

"Tukichelewa unaoza," alisema. "Tunamfungua leo, sasa hivi. Anakuja mtu wa usingizi kuwauliza maswali, mjibuni ukweli."

Mtu wa usingizi alikuja amevaa viatu vya plastiki na kofia ya kitambaa cha kitenge. Alikuwa kijana, mpole kwa sauti, ila anaongea haraka kama mtu aliyeacha kitu jikoni. Alisema mgonjwa atapewa nusu kaputi. Mama aliposikia neno hilo alijishikilia kitandani.

"Nusu kaputi. Na hiyo nusu nyingine nani anaishika?"

"Mimi, mama," alisema yule kijana. "Ndiyo kazi yangu. Wenzangu wanashughulika na tumbo, mimi naishika hiyo nusu mpaka nimrudishie mwenyewe."

Mama alimtazama, nadhani alimpenda. Akaachia kitanda.

Yakafuata maswali. Alikula lini mara ya mwisho. Ana pumu? Ana jino linalocheza? Amewahi kupasuliwa? Mdogo wangu alikuwa amewekewa mpira puani, amefumba macho, anajibu kwa kichwa. Mkewe akawa anajibu kwa mdomo. Mambo yalikwenda vizuri mpaka yule kijana alipouliza:

"Anatumia dawa?"

Hapa lazima nieleze jinsi swali lile lilivyotua, maana lilitua vibaya, na sidhani kama ni kosa la mtu mmoja. Kwetu, mtu akikuuliza kama fulani anatumia dawa, haulizi habari ya malaria wala ya kichwa kuuma. Anauliza zile dawa za kila siku, za maisha, ambazo mtu huzifuata kliniki ya mbali ili asikutane na jirani. Kila mtu anajua hivyo. Na mama alikuwa na mwaka mzima akisema, kwa mafumbo lakini kwa sauti, kwamba mwanawe amekonda tangu aoe mwanamke wa Nakonde, ng'ambo ya mpaka. Alikuwa akisema, "Mwanangu alikuwa na mashavu." Hakuongeza kitu. Hakuhitaji.

Wifi yangu akasimama wima.

"Hatumii! Mume wangu hatumii dawa, daktari. Tumepima wote wawili kabla ya ndoa na baada ya ndoa. Andika hivyo."

"Sijauliza hilo, dada. Nauliza dawa yoyote ile, hata kama ni za kulevya..."

"Za kulevya? Haya, sasa amekuwa teja! Mlianza na ugonjwa, sasa teja!"

"Mlianza nani?" mama akauliza. "Mimi nimefungua mdomo?"

"Nisikilizeni," alisema yule kijana, na safari hii alipunguza mwendo. "Dawa nitakazompa zina nguvu. Zinaua maumivu, lakini zinapunguza na pumzi. Kama mwilini mwake kuna kitu kingine kinachofanana nazo, na mimi sikijui, anaweza akakata pumzi mikononi mwangu. Au akashikwa na degedege pale mezani. Sitaki kumwaibisha mtu. Kwa hiyo namuuliza mwenyewe. Kaka, kuna kitu unameza?"

Mdogo wangu alifumbua macho. Alimtazama mkewe, akamtazama mama, mimi akaniruka.

"Hapana, daktari," alisema.

Nilijua kuwa kuna kitu anameza. Au niseme vizuri: nilijua kwamba zamani kidogo alikuwa akimeza. Niliwahi kwenda Saza kumpelekea unga na dagaa, nikamkuta anajiandaa kuingia duarani, maana shimo la dhahabu kule wanaliita duara. Alitikisa kitu kiganjani, vidonge vya rangi, akavitupa mdomoni na kuvishushia soda. Nikamuuliza ni vya nini. Akacheka.

"Hivi ni vya kazi, dada. Bila hivi mgongo hauingii mle."

Wenzake nao walikuwa navyo, wanapeana kama watu wanavyopeana sigara. Mmoja alivitaja kwa jina, tramado, na akaniambia kwamba mtu akimeza hivyo anapiga nyundo mpaka anasahau kwamba ana mabega. Nilisikia pia kuwa vinakuja kwa njia za panya, na kwamba polisi wakikukuta navyo una kesi. Hayo ndiyo niliyoyajua. Sikujua kama bado anavitumia. Sikujua kama ndiyo dawa anayoisema yule kijana. Mimi niliishia darasa la saba. Mambo ya pumzi na degedege nitayajulia wapi?

Tena nilifikiria: nikisema pale mbele ya mama, mkewe anaonekana mwongo, na yeye mwenyewe anaitwa teja na watu wa wodi nzima, ambao walikuwa wameshageuza vichwa. Na kama ameshaacha? Nitakuwa nimemchongea mdogo wangu bure, anaingia kupasuliwa na jina baya. Lakini kama hajaacha.

Walikuja na kitanda cha magurudumu wakamchukua. Sisi tukaambiwa tusubiri kwenye benchi. Mama alianza kusali kwa sauti ya chini. Nilimshika wifi mkono nikamwambia twende tukanawe uso, nikampeleka nyuma ya jengo, mahali wanapoanika mashuka.

"Wifi," nilisema, "vile vidonge vya kazi. Bado anameza?"

Hakushtuka. Hilo ndilo lililonishtua mimi.

"Si vya mgongo vile? Anameza, ndiyo. Hata leo alfajiri nilimpa. Alikuwa analia tumbo, ningemfanya nini?"

"Mbona umemwambia daktari hatumii dawa?"

"Kwani vile ni dawa?" Alinitazama kama mtu aliyeulizwa kama chumvi ni dawa. "Wifi, vile wanauziana kule kambini pamoja na betri za tochi. Mimi nimeulizwa dawa, mbele ya mama yako, naye amenikodolea macho anangoja nianguke. Ulitaka nijibu nini?"

Nilimwamini. Nimelifikiria sana jambo hili baadaye, kwa sababu kuna ndugu wanaosema alificha kwa makusudi. Mimi nilimwona usoni. Neno lile lilikuwa na maana moja tu kichwani mwake saa ile, na alilijibu kwa ukweli kabisa. Aliyeficha ni mdogo wangu. Na yeye alikuwa na maumivu na hofu, kwa hiyo naye simhukumu sana.

"Unavyo?" nilimuuliza.

Akafungua fundo la kitenge. Kulikuwa na karatasi ya vidonge iliyobinywa karibu yote.

"Yule kijana amesema kuna kitu kikikutana na dawa zake mtu anakata pumzi," nilisema. "Sijui kama ni hiki. Huenda siyo."

"Na kama ndicho?"

Wifi aliikunja ile karatasi kiganjani. Shuka moja lilikuwa linatupiga miguuni kwa upepo.

"Nikienda kusema mimi," alisema, "nitakuwa mwongo. Mama yako ataimba wimbo huo mpaka kaburini. Ukienda kusema wewe, umemchongea mdogo wako. Polisi wakija je?"

"Twende wote."

"Wewe utaanza?"

"Nitaanza. Wewe onyesha karatasi."

Tulikwenda haraka, halafu tukakimbia. Mlangoni pa chumba cha upasuaji kuna maandishi mekundu ya kukataza watu kuingia, na ndala zimepangwa nje. Niligonga. Hakuna aliyefungua. Wifi akaniondoa akapiga mlango kwa kiganja kama anagonga nyumba inayoungua.

Alitoka nesi, barakoa usoni. "Nyie! Hapa ni sokoni?"

"Tunamtaka mtu wa usingizi," nilisema. "Kuna jambo tulikosea kujibu."

"Ameshaanza kumwandaa mgonjwa. Mtamwambia baadaye."

"Baadaye atakuwa amekufa!" wifi alisema.

Yule nesi angeweza kutufukuza, na kwa sheria za pale nadhani angekuwa na haki. Alitutazama tu, akarudi ndani, na mlango haujafungika vizuri yule kijana akatokea. Alikuwa ameshika sindano mkononi, imeshavutwa dawa, imefunikwa ncha.

Nilikuwa nimejipanga kuanza. Mdomo ulikataa. Wifi ndiye aliyenyoosha ile karatasi.

"Anameza hivi. Mimi sikujua kwamba ni dawa."

Aliisoma mbele na nyuma. Uso wake haukubadilika, lakini aliacha kuongea haraka.

"Anameza kiasi gani kwa siku?"

Wifi alifungua kiganja, akakikunja kidogo, kama mtu anayepokea karanga.

"Kila siku?"

"Kila siku ya kuingia duarani. Na siku hizi hata asipoingia. Asipomeza anatoka jasho, anatetemeka, hasira juu ya hasira."

"Mara ya mwisho?"

"Leo, kabla hatujapanda bodaboda. Nilimpa mimi, kwa mkono wangu."

Yule kijana aliitazama sindano yake. Kisha akafanya kitu ambacho nakiona mpaka leo: akaiweka pembeni, kwenye kijisinia cha chuma kilichokuwa mlangoni, akaisukuma mbali kwa kidole, taratibu, kama mtu anavyosogeza kikombe cha chai kisimwagike.

"Hii ilikuwa pethidini, ya kuua maumivu," alisema. "Ni nzuri, lakini ikimkuta huyu na vile alivyomeza, anaweza kushikwa na degedege katikati ya kazi. Vidonge hivi ni vya ukoo mmoja nayo, na mofini pia ni ya ukoo huo huo. Mwili wake umeshawazoea wageni wa ukoo huu. Nikimpa kiasi cha kawaida hakitamgusa, atasikia maumivu. Nikiongeza bila kujua kwa nini hakimgusi, naweza kumsimamisha pumzi. Sasa nitapita njia nyingine. Mmefanya vizuri."

"Polisi?" niliuliza. Niliona aibu kuuliza, lakini niliuliza.

"Mimi ni mtu wa usingizi, dada. Mambo ya polisi siyajui."

Tulipogeuka, mama alikuwa nyuma yetu. Sijui alikuwa amesimama tangu lini. Alikuwa ameshika kitambaa chake cha kichwa mkononi, na mama yangu hatoki nje bila kitambaa kichwani.

"Kwa hiyo huko kukonda," alisema, "ni vidonge?"

Nilitazama zile ndala za mlangoni.

"Nauliza. Ni vidonge tu?"

"Ulitaka viwe nini, mama?" wifi alisema.

Nilitegemea vita. Mama aligeuka. Akarudi kwenye benchi, akakaa mwisho kabisa, na nafasi iliyobaki ilikuwa kubwa kuliko ya watu watatu. Sitasema kwamba aliona haya, kwa sababu hakuniambia. Alifunga kitambaa chake, akakifungua, akakifunga tena.

Sijui upasuaji ulichukua muda gani. Kila mlango ulipofunguka tulisimama wote, na ilikuwa ni mtu wa ndoo, au mtu wa mashuka. Mwishowe daktari wa upasuaji alitoka akasema kipande cha utumbo kimekatwa, kingine kimeunganishwa, na kwamba mgonjwa yuko hai. Alilisema "yuko hai" kwa namna ya kawaida tu, kama anavyosema amevaa shati.

Kumbe kazi yetu ilikuwa haijaanza.

Wodini alipozinduka alianza kupiga kelele. Siyo kuugua, kelele. Jasho lilimtiririka mpaka godoro likalowa. Nesi wa wodi akasema ameshachomwa sindano ya maumivu na hawezi kumchoma nyingine mpaka muda ufike.

"Mbona yule pale kafunguliwa tumbo kama yeye na ametulia?" alisema. "Kaka, jikaze. Wewe si mchimbaji?"

"Nichome basi nife!" mdogo wangu alijibu. "Mnaninyima mnampa nani?"

Nesi yule alikuwa na wodi iliyojaa na mwenzake mmoja tu, na alikuwa anafuata alichofundishwa. Wifi alimweleza ile habari ya ukoo, kwa maneno yale yale ya yule kijana, ila aliyachanganya kidogo. Nesi akapiga simu. Na yule mtu wa usingizi akaja, kofia yake ya kitenge ikiwa mfukoni sasa.

"Hajidai kuumwa huyu," alimwambia nesi. "Kiasi cha yule wa pale kwake ni kama maji."

Alisema alishamchoma ganzi pembeni ya kidonda na dawa nyingine zisizo za ukoo ule, ila hazitoshi. Akamwongezea mofini kidogo, akangoja, akamtazama macho, akamwongezea kidogo tena. Mama aliposikia neno mofini aliguna, maana dada yake alipewa mofini ya maji kwenye chupa wakati kansa inammaliza, na kwake yeye mofini ni dawa ya kumsindikiza mtu.

"Mnamsindikiza mwanangu kama dada yangu mwenye kansa?"

"Namtuliza, mama. Dada yako aliuawa na kansa. Mofini ilimsaidia tu asiteseke."

Kelele zilipungua, zikawa kuugua, zikawa kimya. Ndipo akatugeukia.

"Sasa nyie mna kazi. Tazameni kifua. Kikipanda na kushuka vizuri, mwacheni alale. Kikichelewa, au akianza kukoroma kama anabanwa, msingoje. Mwiteni nesi, na nyie mmtikise huku mnamwita."

Tulikaa, mimi upande huu na wifi upande ule, mama miguuni. Sijawahi kutazama kitu namna ile. Ukikitazama kifua cha mtu sana, unaanza kukiona kimesimama hata kama hakijasimama. Nilimwuliza wifi mara nyingi, "Umeona?" naye anasema, "Nimeona." Nikaanza kuona ninamsumbua. Nikaamua nisimwulize tena.

Kisha akakoroma. Mkoromo mmoja mrefu, mzito, kama gunia linaburuzwa, halafu kimya. Nilingoja kifua kipande. Nilidhani nakosea, kama nilivyokuwa nimekosea kabla. Nilimtazama wifi ili aseme "nimeona." Hakusema.

"Nesi!" mama alipiga ukelele. Ndiye wa kwanza, siyo mimi wala wifi. "Nesi! Mwanangu hapumui!"

Nesi alifika anakimbia, akamwinua kidevu, akamsugua kifuani kwa vifundo vya vidole, kwa nguvu ambayo mimi nisingethubutu. Wifi alikuwa anamwita jina kwa sauti ya kugombana. Mama akamfinya mguu. Mimi nilikuwa nimeshika mkono wake.

"Vuta pumzi!" nesi alimwamuru. "Kaka, vuta! Vuta pumzi!"

Alivuta. Ilikuwa pumzi mbaya, yenye mlio, kama ya mtu aliyetoka majini. Akavuta nyingine. Wakamwekea hewa ya mtungi puani, yule kijana akarudi tena, safari hii akakaa, hakusimama. Hakumlaumu nesi na wala sisi hatukumlaumu yeye. Alisema mwenyewe kwamba kiasi kile cha mwisho kilikuwa kimezidi kidogo tu, na kwamba kama asingejua habari ya vidonge angekuwa ametoa kingi zaidi ya hapo, akitafuta kwa nini mgonjwa hatulii, na bila mtu wa kutazama kifua. Aliongea na sakafu wakati anasema hivyo.

Baadaye mama alimgusa wifi begani. "Hamia huku miguuni ujinyooshe," alimwambia. "Niachie kifua." Wifi alisita kama mtu anayeombwa ampe mwenzake mtoto. Halafu akahama. Hawakuambiana kingine, na ningedanganya nikiandika kwamba walipatana siku ile.

Mdogo wangu alifumbua macho kabisa jua likiwa limeshainama madirishani. Aliomba maji, akanyimwa, akalowanishwa midomo. Akatazama ule mtungi wa hewa, akatazama chati iliyoning'inia kitandani. Si mjinga. Aliona tulivyomkalia.

"Nani amesema?" aliuliza.

Nilivuta hewa nijibu, kwa sababu mimi ndiye dada mkubwa na mimi ndiye niliyemvuta wifi kwenye mashuka.

"Mimi," alisema wifi.

Mdogo wangu alimtazama. Kisha akatukana kwa Kinyiha chetu, tusi ambalo mama alijifanya hakulisikia, akageuza uso kwenye ukuta. Lakini kifua chake kilikuwa kinapanda na kushuka kwa hasira, kwa nguvu, bila kuchelewa, na sisi watatu tulikuwa tunakitazama.